Dakika Saba za Bibi Yako

Kibondo, jioni ya kuamkia safari yako

Daforoza mwanangu,

Dakika tisini na mbili za bibi yako zilipotea Jumamosi ya mwisho kabla ya mvua za mwaka jana, kati ya saa nne asubuhi na saa kumi jioni. Deki ya video haikuzila. Nilizifuta mimi, baba yako, kwa mikono yangu, nikiwa na akili timamu. Naanza na hilo kwa sababu nina swali moja la kukuuliza, na swali lenyewe haliulizwi kabla sijalitapika hili. Nimelimeza miezi tisa. Limeoza humu ndani na harufu yake naisikia mwenyewe.

Mambo ya begi, chakula cha kwenye treni na nani atakupokea Dar es Salaam, mama yako amekwambia tangu juzi, na amerudia mara nne, nimehesabu. Mimi sina la kuongeza hapo.

Mkanda wako ulikuwa rafu ya juu, umeuandika kwa kalamu ya bluu: Bibi, msimu mmoja. Ni ule wa saa tatu, na ndani yake ulikuwa umejaza dakika tisini na sita. Nyuma ulikuwa umeng'oa lile jino dogo la plastiki, kama nilivyokufundisha mwenyewe ukiwa darasa la sita, kwamba mkanda uliong'olewa jino hakuna mashine itakayorekodi juu yake. Siku hiyo nilikuwa na harusi ya mtoto wa yule mzee wa duka la vitenge sokoni. Mikanda mitupu ilikuwa imekwisha. Mtu wangu wa Kasulu alikuwa ametuma katoni tangu Alhamisi, lori likafia njiani. Saa tatu na nusu bwana harusi ameshavaa suti, na mimi nina kamera, nina betri tatu, sina mkanda.

Nikachukua karatasi ya pakiti ya sigara, nikaikunja mara tatu, nikaziba lile pengo, nikafunika na plasta ya kidonda. Kazi ya dakika moja. Kila mtu wa video kuanzia hapa hadi Kigoma anaijua. Ndiyo maana sitaki kusikia mtu ananitetea kwamba ilikuwa bahati mbaya. Mkanda uliong'olewa jino haufutiki kwa bahati mbaya. Lazima mtu akae chini, akunje karatasi, akate plasta. Mimi nilikaa chini.

Nilijiambia bibi yupo, maharage yapo, Daforoza atamchukua tena msimu ujao. Hayo ndiyo mawazo yaliyokuwa kichwani mwangu, sikufichi hata moja.

Jioni uliporudi, nilikuwa nimeshakuandalia uongo. Nilitoa utepe kwenye mkanda mbovu wa sinema ya mapigano, nikauvuta ukaning'inia kama utumbo wa mbuzi, nikakuonyesha kwa mbali nikisema deki imekula. Ukanyoosha mkono. Nilijua ukiushika utataka kuuunganisha kwa wembe, kipande kwa kipande, maana wewe ndivyo ulivyo, na ukiutia kwenye mashine utamwona mtu anapigwa teke badala ya bibi. Kwa hiyo nikautupa jikoni kwenye moto, mbele yako, nikijifanya nimekasirika na mashine. Mama yako alilalamika kwa ule moshi siku mbili.

Wewe hukulia. Uliniuliza tu, "Baba, uliwahi kuuangalia kabla haujaliwa?"

Nikasema nimeuangalia wote.

"Basi umemsikia bibi."

Nikasema nimemsikia.

"Na utamwuliza?"

Nikakujibu, "Nimwulize nini tena? Nimeelewa."

Ukasema, "Sawa, baba," ukaenda kuteka maji.

Daforoza, sikuwa nimeangalia hata dakika moja. Kwa miezi saba ulikuwa unachukua mabaki ya betri zangu baada ya harusi, dakika nane, dakika kumi, hazikuwahi kuzidi kumi na moja, unakwenda nayo kamera begani mpaka kwa bibi, mwendo wa dakika ishirini na tano. Ukirudi nauliza umechukua nini leo, unasema bibi anapanda. Mwezi mwingine, bibi anapalilia. Mwisho, bibi anachambua maharage. Mimi nikawa nacheka na wateja, nawaambia binti yangu anatengeneza sinema ya maharage, njooni tuiweke kwenye ukumbi wangu wa video, waliokosa usingizi waingie bure. Nani akae kumwangalia mama yake akichambua maharage, wakati mama mwenyewe yupo, ukitaka kumwona unakwenda unamkuta anachambua maharage?

Hivyo ndivyo nilivyoijua kazi yako. Niliijua kwa kejeli.

Nataka uelewe nilikotoka, siyo ili unionee huruma. Huruma yako nimeshaipokea ya kutosha, na nitakuja kusema kwa nini inanikirihi. Mimi nilivuka mpaka nina miaka kumi na miwili, nimebeba sufuria moja. Nikauza chumvi kwa baiskeli, Kasulu mpaka Mabamba, miaka sita. Hakuna aliyenishika mkono. Nilipopata jenereta na televisheni ya kwanza, nilijua jambo moja tu: mtu anatoa hela yake ili aonyeshwe anachokitaka. Mwenye harusi anataka makreti ya soda yaonekane, nayaonyesha mara mbili, upande huu na upande ule, yaonekane mengi. Bibi harusi amekula keki vibaya, namwambia rudia. Mama wa bwana harusi hakulia, namwambia mama jitahidi kidogo, kamera inakusubiri, na analia. Nimefanya harusi mia moja na kumi na nne na katika zote hakuna mtu aliyekula keki mara moja tu. Niliona ni ufundi. Leo nikiiangalia ile mikanda naona watu wanaonyang'anywa siku yao wenyewe, na mnyang'anyi ni sauti yangu nyuma ya kamera inayosema tena, tena, angalia hapa.

Wewe hukuwahi kusema tena. Nililiona hilo mapema na nikaliita uvivu. Unaweka kamera juu ya kinu kilichopinduliwa, usawa wa mtu aliyekaa, unawasha, unakaa pembeni na kazi yako ya mikono, na mtu akitoka kwenye picha humfuati. Tuligombana sana kwa lile jambo. Nakumbuka ile filamu yako ya dakika kumi na nne uliyoichukua ndani ya ukumbi wangu, nyuso za watu wanaoangalia sinema, na sinema yenyewe hukuionyesha hata mara moja. Nilikwambia wamelipa waangalie, wewe unawaangalia wao, nani atalipa kuwaangalia hao? Ukajibu kwamba mwangalie yule dereva wa mwisho kushoto, baba, ndiye anayelia peke yake kwenye mapigano. Sikumwangalia. Nilisema umemaliza betri yangu.

Ni filamu hiyo aliyoichukua mwalimu wako kwenda nayo Dar, ndiyo iliyokuletea barua. Ni vijana watatu wanaotengeneza filamu huko kwa kamera moja, hawana mshahara wa kukupa, wanataka uje muwe wanne. Niliposoma nilisema wanne kwa kamera moja ni robo kamera kwa kila mtu, hiyo si kazi. Hesabu yangu ni sahihi. Lakini nilishindwa kukuzuia, na sababu ni siku ile ya Mabamba.

Siku ile hujawahi kuizungumza, ngoja niizungumze mimi. Mwezi wa pili, yule mgeni mwenye kamera kubwa alinikodi mimi na gari la rafiki yangu tumpeleke mpakani, mimi nitafsiri, wewe ushike kipaza sauti. Tukamkuta yule mama amekaa chini ya mkokoteni na mtoto amelala mapajani, kavuka usiku ule. Mgeni akamwuliza, mimi nikitafsiri, wako wapi wengine wa nyumba yake. Yule mama akaeleza, akalia. Akimaliza, mgeni ananiambia upepo uliingia kwenye sauti, mwambie arudie kuanzia pale alipotaja watoto. Na mimi, Daforoza, sikusita hata kidogo. Nikamwambia kwa lugha yetu, kwa upole ule ule ninaowaambia mabibi harusi, mama, rudia kidogo, pale ulipotaja watoto.

Akarudia. Hilo ndilo linaloniudhi kuliko yote, kwamba alitutii. Alifuta uso kwa kanga, akakaa vizuri, akarudia.

Ulikuwa umeshaweka kipaza sauti juu ya boneti. Nilikufuata barabarani nikikufokea kwamba unaniaibisha mbele ya mtu aliyetulipa. Uligeuka mara moja tu. "Baba," ulisema, "yule mama si bibi harusi."

Ukatembea. Sisi tulikupita na gari, mgeni akauliza yule binti ana nini, nikasema anaumwa kichwa. Nikakupita kwenye vumbi, binti yangu mwenyewe. Nyumbani ulifika giza limeshaingia, ukala, ukaniwekea na mimi maji ya kuoga. Miaka ishirini nilikuwa naamini nimejenga kazi. Siku ile nilijiona kama mtu aliyejenga choo akakiita sebule.

Sasa nifike kwa mzee wa vitenge, maana bila yeye hata swali nisingekuwa nalo.

Bibi alifariki wiki ya tano baada ya ile Jumamosi. Siku thelathini na tano alikuwa hai, na mimi nilikwenda kwake mara tatu, mara mbili kuchukua gunia. Baada ya msiba, miezi miwili hivi, mzee akaingia ofisini na mkanda wa harusi mkononi. Walikuwa wamejaa sebuleni, wageni kutoka Kigoma, wanaangalia. Harusi ikaisha, watu wanapiga makofi, na mkanda haujazimwa, ikatokea picha ya mikono ya kikongwe kwenye ungo. Mke wake akamtambua.

"Marehemu mama yako kaja kwenye harusi ya mwanangu bila mwaliko," akaniambia. "Unanifanyia uchawi au unanifanyia dharau? Chagua moja nijue nikushtaki wapi."

Umeshapiga hesabu, najua. Harusi ilikuwa dakika tisini na mbili. Wewe ulikuwa na tisini na sita. Zilibaki nne.

Nilimwomba mzee anisubiri nje. Nikaiweka. Ndivyo nilivyomwangalia mama yangu kwa mara ya kwanza, miezi miwili baada ya kumzika, na mteja ananigongea mlango.

Anachambua. Mbovu kushoto, nzuri kulia, anazungumza bila kuinua uso, kama ambaye ameshakuwa akizungumza muda. Maneno ya kwanza yaliyobaki ni haya, nayaandika kwa Kiswahili lakini ameyasema kwa lugha yetu: "Ndiyo sababu baba yako sikumwambia. Angemfuata." Halafu anachambua. Wewe huulizi kitu. Dakika nzima na nusu hakuna mtu anayesema. Halafu anasema, "Sasa wewe unajua. Ukimwambia, mwambie amekaa." Anainuka na ungo wake, anatoka kwenye picha.

Hapo mimi ningekata. Mtu ametoka, kuna kigoda kitupu na ukuta, betri inaliwa bure. Wewe hukukata. Kigoda kinakaa pale, jua linakipanda mguu mmoja, na kwa nje, mbali, anasikika anafukuza kuku, anamtukana yule jogoo mweupe kwa jina la jirani yetu, na wewe unacheka kidogo karibu na kamera. Halafu mkanda unakatika. Sauti ya mwisho ya mama yangu niliyo nayo duniani ni ya kufukuza kuku, na ninayo kwa sababu kuna mtu alikataa kukata. Nimeiangalia mara arobaini na moja.

Ndipo nikaelewa lile swali lako la jioni ile. Na utamwuliza? Wewe ulidhani nimeshasikia. Ulidhani najua, na nimeamua kukaa kimya. Tangu siku ile umekuwa unanipisha kiti. Kwenye msiba ulikaa nyuma yangu siku tatu, umeshika koti langu kama mtoto mdogo. Umekuwa unanihurumia kwa jambo kubwa, na mimi nimekuwa naipokea hiyo huruma, naila, nanenepa nayo, wakati sijui hata ni ya nini. Kuna uchafu gani unaozidi huo? Ningeweza kukuuliza siku yoyote. Lakini kukuuliza ni kukwambia sikuangalia, na kukwambia sikuangalia ni kukwambia kuhusu moto, na moto unatupeleka kwenye plasta. Nikaona bora nisijue. Miezi sita toka mzee aje, nimeona bora nisijue alichokisema mama yangu kuliko binti yangu ajue nilichokifanya.

Zile nne nilizinakili kwenye mkanda mwingine, kwa kuunganisha deki mbili, kabla ya kuzifuta mbele ya mzee kama alivyotaka. Alisimama nyuma yangu na bakora mpaka kigoda kikapotea. Nakala iko chini ya begi lako, imefungwa kwenye kitenge cha bibi, kile cha njano. Jino nimeling'oa mwenyewe na kipande nimekitupa kisimani. Pamoja nayo kuna mikanda mitupu mitatu, haijafunguliwa. Ni yote iliyobaki kwenye katoni. Harusi ya Jumamosi itajijua.

Ushauri wangu ni mdogo kwa sababu nilio nao mwingi ni wa kuonyesha makreti. Watakuja watu Dar watakaokwambia filamu zako ni ndefu, hazina kitu, mtu ametoka kwenye picha unasubiri nini. Watakuwa na hesabu nzuri, kama zangu. Usibishane nao kwa hesabu, utashindwa, mimi nakujua. Washa kamera ukae pembeni. Na siku ukikuta umemwambia mtu arudie kulia, rudi nyumbani tuendeshe ukumbi, maana utakuwa umeshakuwa mimi na gharama ya kukaa huko ni hasara.

Sasa swali.

Uliianza picha ile ya mwisho na dakika kumi na moja za betri. Zilizobaki ni nne. Kwa hiyo alichokisema bibi kimo kwenye dakika saba za kwanza, na hizo dakika saba juu yake kuna watu wanalishana keki. Hakuna mahali pengine duniani zilipo isipokuwa kichwani mwako.

Nimehesabu tulioondoka nao na tuliofika. Tulitoka wanne, tukafika wawili. Baba yangu alirudi kutafuta mbuzi, mama akasema aliuawa njiani. Dada yangu Veronika, miaka kumi na minne, mama akasema alikufa kwa homa ng'ambo ya mto nikiwa nimelala, wakamzika kabla sijaamka. Kaburi la baba sikuliona. La dada sikuliona. Miaka yote hii nimeomba kwa ajili ya wote wawili kama marehemu. Na mama anasema angemfuata. Hakuna anayemfuata maiti.

Usinijibu kwa barua kutoka Dar. Usiniambie ulimwahidi bibi, maana nimemsikia kwa masikio yangu akikuruhusu. Na lile "sawa, baba" nalikataa tangu sasa. Kama unaona kinyaa kusema na mimi baada ya kusoma haya, una haki, andika nyuma ya karatasi hii jina moja na mahali, uniachie mezani.

Lori la Kasulu linapiga honi saa kumi na moja alfajiri. Kuanzia saa kumi nitakuwa mlangoni, nimekaa kwenye kile kigoda chake, kama alivyoagiza. Una saa nzima, na jibu lenyewe halizidi neno moja.

Ningemfuata nani?

Baba yako